Niliyemwamini aliondoka na watu thelathini. Nigawane uongozi tena?

"Shalom Mwalimu. Mimi ni mchungaji wa kanisa la kipentekoste pembezoni mwa Morogoro, washirika kama 140, mwaka wa kumi na moja sasa. Jumapili nahubiri mimi, Jumatano mimi, maombi ya Ijumaa mimi. Misiba, ndoa, wagonjwa, ujenzi, hata fundi wa spika akija ananipigia mimi. Mke wangu anaongoza akina mama, anafundisha shule ya Jumapili na anapikia wageni. Miaka minne iliyopita nilimwinua mzee mmoja, nikamwachia kundi la nyumbani ng'ambo ya reli, na madhabahu pia nikisafiri. Baada ya mwaka mmoja na nusu akafungua kanisa lake, akaondoka na watu thelathini, wakiwemo watoaji wazuri. Tangu hapo nimefunga mlango. Sasa sipati usingizi, kichwa kinauma kila siku, na wazee wanasema nigawane kazi. Lakini wahenga walisema manahodha wengi, chombo huenda mrama. Na Mungu humwita mtu mmoja, haiti kamati. Nikigawana uongozi tena nitazuiaje yale yasijirudie? Na nianzie wapi?"

Shalom, Mchungaji, na pole sana. Watu thelathini kwa kanisa la ukubwa wa lako ni wengi, na najua kila Jumapili macho yako yanaenda kwenye mabenchi waliyokuwa wanakaa. Kabla sijagusa swali lenyewe, nikuombe jambo moja: wiki hii nenda hospitali. Upimwe presha na sukari, na umwambie daktari bila kuficha kwamba hulali na kichwa kinauma kila siku. Watumishi wengi hupeleka mambo haya kwenye maombi ya Ijumaa peke yake, na nimezika wenzangu ambao presha yao haikuwahi kupimwa. Omba, na upime.

Sasa swali. Nikikusikia vizuri, hofu yako haiko kwenye kazi. Kazi ungeigawa hata kesho. Unaogopa kwamba ukimwinua mtu, watu watampenda kuliko wewe, kisha ataondoka nao. Hofu hiyo ina sababu, kwa kuwa imeshakupata. Ila nadhani umeisoma vibaya habari ya yule mzee, na kwa kuisoma vibaya umejifungia mlango ambao ndiyo njia yako ya kutokea.

Nianze na methali yako. Ni kweli, manahodha wengi chombo huenda mrama. Lakini waliotunga methali hiyo walikuwa watu wa bahari, na walijua jahazi linaendaje. Nahodha ni mmoja, ndiyo. Kuna na serahangi anayewasimamia mabaharia, na mtu wa kushika usukani nahodha anapolala, na wa kupandisha tanga, na wa kufua, yaani kuyamwaga nje, maji yanayojikusanya ngamani, chini kabisa ya chombo. Serahangi hamwamshi nahodha usiku kumuuliza kama maji yafuliwe. Anaona, anaamuru, yanafuliwa. Kama nahodha ndiye anayefua maji, akapandisha tanga, akapika na kushika usukani, chombo hicho kitakwenda mrama mapema kuliko kile chenye manahodha wawili. Methali inakataza watu wawili kugombea usukani mmoja. Haikuambii uwe chombo kizima.

Na hilo la Mungu kumwita mtu mmoja, tulisome pamoja. Ni kweli Musa aliitwa peke yake kwenye kijiti kilichowaka moto, lakini mazungumzo hayo hayajaisha kabla Mungu hajamtaja Haruni. Yesu aliwatuma wanafunzi wawili wawili. Kanisa la Antiokia, lililotuma wamisionari wa kwanza, Matendo 13 inalitajia manabii na waalimu watano: Barnaba, Simeoni aitwaye Nigeri, Lukio Mkirene, Manaeni aliyelelewa pamoja na Herode, na Sauli. Mwenye kanisa kati yao hatajwi. Roho Mtakatifu aliposema, alisema nao wakiwa pamoja, na aliowataka walikuwa wawili. Paulo na Barnaba walipopita Listra na Ikonio waliweka wazee katika kila kanisa. Wazee, si mzee. Tito naye alipoachwa Krete aliambiwa aweke wazee katika kila mji. Wito wa mtu mmoja mmoja upo na ninauheshimu, lakini mtu aliyeitwa hupewa watu wa kuitikia pamoja naye.

Turudi ng'ambo ya reli. Sikuwepo, na yule mzee hayupo hapa kujitetea, kwa hiyo naenda kwa maneno yako tu. Unasema ulimwinua. Nikikuangalia ulivyoeleza, ulimpa kundi peke yake, mahali ambapo wewe hufiki mara kwa mara, bila mwenzake, bila muda uliowekwa, na bila kiti mahali maamuzi yanapofanyika. Kule ng'ambo alihubiri, aliombea wagonjwa, alikaa matangani. Watu wakampa mioyo yao, jambo ambalo ni la kawaida kabisa. Lakini je, bajeti ya kundi lile alikuwa anaamua nani? Tarehe ya ubatizo wa watu aliowafundisha, aliulizwa? Kama kila jambo alipaswa kuvuka reli kuja kuomba ruhusa, basi kwa mwaka mmoja na nusu alikuwa mchungaji mbele ya watu na mtoto mbele yako. Mtu mwenye uwezo hawezi kukaa hapo muda mrefu. Ama atapoa, ama ataondoka. Na kwa kuwa namna pekee ya uongozi aliyoiona kwako ni mtu mmoja kushika yote, alipoondoka alikwenda kufanya hivyo hivyo.

Kwa hiyo mimi nasema hivi: uligawa kazi, hukugawa uongozi. Watu huchanganya hayo mawili kila siku. Kugawa kazi ni kumwambia mtu nenda kafanye. Kugawa uongozi ni kumwambia jambo hili utaamua wewe na wenzako, na mkishaamua nami nitalifuata. Ukigawa kazi tu, mzigo haupungui, kwa sababu kinachomchosha mchungaji zaidi ni kuamua kuliko kutenda.

Tazama simu ya fundi wa spika. Nadhani siku ya kwanza fundi alimpigia kijana wa mitambo. Kijana akasema, ngoja nimuulize mchungaji. Akakupigia, ukasema nipe niongee naye mwenyewe. Kwa dakika mbili mkapatana bei, spika ikatengenezwa, ukaona umeokoa muda. Lakini fundi ameelewa kwamba kijana si mtu wa kuzungumza naye. Kijana naye ameelewa kwamba neno lake halina uzito, na hata akili yake haitakiwi pale. Safari ya pili fundi hakuhangaika na kijana. Zidisha hilo kwa jikoni, kwa kwaya, kwa choo kilichoziba, kwa kibali cha mkutano wa hadhara, kwa miaka kumi na moja. Kanisa halikukutelekeza, Mchungaji. Ulilifundisha kukupigia simu, kwa upendo na kwa haraka, na limefundishika vizuri.

Najua hili kwa sababu mimi nililifanya vibaya kuliko wewe. Miaka mingi iliyopita, nikiwa na kanisa dogo vijijini, nililazwa kwa malaria wiki ya Meza ya Bwana. Vikombe na sahani vilikuwa kabatini, kabati limefungwa, na ufunguo ulikuwa ndani ya koti langu lililotundikwa kwenye msumari juu ya kitanda cha wodi. Jumapili asubuhi mzee mmoja wa kanisa alikuja kwa baiskeli, suruali imejaa vumbi mpaka magotini, akasimama mlangoni na kofia mkononi. Aliomba ufunguo kwa sauti ya chini, kama mtu anayeomba hela. Alikuwa na umri wa baba yangu, alikuwa amechoma matofali ya kanisa lile kabla mimi sijazaliwa. Nilipomwona anarudi nyuma hatua mbili kabla ya kugeuka, nilitambua kwamba nimemfanya mgeni katika nyumba aliyoijenga yeye. Nilipopona, nilichonga funguo tatu.

Habari ya Yethro unaijua, umeihubiri pengine mara nyingi. Kutoka 18, Musa ameketi tangu asubuhi hata jioni, watu wamesimama wamemzunguka, mkwewe anamwambia jambo hili ulifanyalo si jema, utadhoofika wewe na watu hawa. Angalia hapo: wewe na watu hawa. Foleni ilikuwa inawachosha waliosimama pia. Tukiihubiri, kwa kawaida tunaishia kwenye wakuu wa maelfu, wa mamia, wa hamsini na wa makumi, tunasema tazama, Musa aligawa kazi. Tunaruka maneno yenye uzito kuliko yote, aya ya 22: "kila neno dogo wataliamua wenyewe." Wataliamua, tena wenyewe. Na sifa mojawapo ya watu hao ni kwamba wawe "wenye kuchukia mapato ya udhalimu", kwa sababu Yethro alijua kwamba anayeamua atajaribiwa kwa fedha.

Na Matendo 6 ndiyo sura ninayotamani wachungaji wetu wangeketi nayo mwezi mzima. Kanisa la Yerusalemu linakua, na ugomvi unazuka: wajane wa Wayahudi wa Kiyunani, wale waliosema Kiyunani, wanasahauliwa katika huduma ya kila siku. Ni lalamiko la chakula, na chini yake ni lalamiko la kikabila, sisi hatuhesabiki hapa. Mitume wangeweza kusema tutaliangalia. Wangeweza kuteua watu wao wa karibu. Badala yake waliita mkutano wa wanafunzi wote, wakasema chagueni ninyi watu saba, sisi tutawaweka. Sasa soma majina: Stefano, Filipo, Prokoro, Nikanori, Timona, Parmena, Nikolao. Yote ni ya Kiyunani. Jina peke yake halithibitishi mtu ni wa upande gani, maana hata kati ya wale kumi na wawili kulikuwa na Filipo na Andrea. Lakini saba kwa saba, na wa mwisho ni mwongofu wa Antiokia, inaonekana wazi kwamba upande uliokuwa unalalamika ndio uliokabidhiwa meza na hazina ya chakula. Hawakupewa nafasi moja ya kuwatuliza. Walikabidhiwa jambo lenyewe.

Halafu kilitokea kile unachokiogopa. Stefano hakubaki mezani. Alikuwa mhubiri mwenye nguvu kiasi kwamba hotuba yake ni ndefu kuliko nyingine zote katika kitabu kile. Filipo akaenda Samaria na mji mzima ukasikiliza. Mitume walifanya nini? Waliwatuma Petro na Yohana, wawili, waende wakaungane naye. Hawakwenda kumfunga mdomo. Kumbuka pia Eldadi na Medadi katika Hesabu 11, waliotabiri kambini bila kufika hemani. Yoshua alitaka wakatazwe, Musa akamuuliza, "Je! umekuwa na wivu kwa ajili yangu?" Swali hilo, Mchungaji, lichukue uende nalo kwenye maombi yako ya faragha. Mimi siwezi kulijibu kwa niaba yako.

Kuhusu pa kuanzia. Wengi hushauri uanze na mimbari, umpe mtu Jumatano. Mimi nasema anza na fedha. Kanisa litajua kwamba umeachia kweli siku litakapoona sadaka imetoka mkononi mwako, na kwako wewe ndiyo sehemu inayoumiza na kukuponya kwa wakati mmoja. Sadaka ihesabiwe kanisani kabla mtu hajaondoka, na watu watatu wasio wa familia moja, iandikwe kwenye daftari, wote watie saini, iwekwe benki Jumatatu. Akaunti iwe na watia saini watatu, wawili wakihitajika kila mara. Na lile jambo ambalo hukuliandika lakini nalikuta makanisa mengi: kama lipa namba au namba ya simu inayotangazwa kwa sadaka imesajiliwa kwa jina lako, ibadilishe iwe ya kanisa. Hata kama hujawahi kugusa senti. Paulo alipobeba mchango kwenda Yerusalemu alisafiri na ndugu waliochaguliwa na makanisa, akieleza katika 2 Wakorintho 8 kwamba anaangalia yaliyo mema mbele za Bwana na mbele ya wanadamu pia. Mtume aliona anahitaji mashahidi, sembuse sisi.

Kabla hujafanya lolote fungua katiba ya kanisa lako. Makanisa yetu mengi yana katiba iliyopelekwa kwa Msajili, ikafungiwa kabatini. Mara nyingi humo tayari kuna baraza la wazee, mhazini, katibu, na muda wa kila mmoja. Huenda usihitaji kubuni kitu, inatosha kutii kilichoandikwa. Na kama kanisa lako liko chini ya askofu wa jimbo au mwangalizi, mshirikishe mapema, asije akasikia kwa watu kwamba unabadilisha muundo.

Kisha tafuta watu. Usimchague mmoja. Hapo ndipo lilipo jibu la swali lako la kuzuia yasijirudie. Mtu mmoja aliyeinuliwa peke yake huwa mfalme wa pili. Watu watano wenye karama tofauti, wakikaa meza moja na wewe, hushikana. Akitaka mmoja kuondoka na kundi, wenzake wanne wanaona mapema na watamwuliza, tena kwa maneno ambayo kwako yangesikika kama wivu. Washirika nao hawamfuati kirahisi, kwa sababu mioyo yao imegawanyika kwa watu watano. Hata kundi la ng'ambo ya reli, ukilifufua, lipe viongozi wawili au watatu, na kila mwezi mmoja wao akae kwenye meza ya maamuzi.

Wawe nani? Soma 1 Timotheo 3 taratibu, hasa mahali inaposema mashemasi wajaribiwe kwanza. Jaribio lenyewe liwe dogo na la kweli: msimamie chakula cha semina, nusu ya fedha hii hapa, leteni risiti. Angalia anavyosema na wapishi. Angalia akikosea anamlaumu nani. Nakusihi usimchague mtu kwa sababu ni mtoaji mkubwa, kwa sababu ukimweka kwa fedha yake hutaweza kumwonya. Usiwajaze ndugu wa damu. Na usiwaache akina mama nje kwa mazoea. Kwenye Warumi 16 Paulo anaanza na Fibi, kisha Priska na Akila, na katika kanisa lako bila shaka wanaojua nani hajala wiki hii ni wanawake.

Mkishakaa, andikeni. Karatasi moja inatosha. Jambo hili ataamua nani bila kuuliza, na lipi mtaamua wote. Kwa mfano, kijana wa mitambo aamue matengenezo yote yasiyozidi shilingi laki moja, alete risiti kwa mhazini. Timu ya wagonjwa iamue nani anatembelewa, na ikujulishe pale tu mgonjwa anapomhitaji mchungaji. Wekeni muda, miaka miwili au mitatu, ili kutoka kusiwe fedheha na kubaki kusiwe haki. Halafu inakuja kazi yako ngumu: kijana akikupigia, mwambie, "Hilo ni lako, amua, mimi nitakuunga mkono." Kisha kaa kimya. Ataamua vibaya mara nyingine. Atanunua spika ya bei mbaya. Ukimkemea mbele ya watu au ukabadilisha uamuzi wake nyuma ya mgongo, karatasi ile imekufa siku hiyo hiyo, na hakuna atakayeamini nyingine.

Sitakuficha gharama. Mambo yatakwenda polepole, maana watu watano hukubaliana kwa shida kuliko mmoja. Migogoro iliyokuwa imelala itaamka, kwa sababu ilipokuwa ni wewe tu hakukuwa na mahali pa kuisema. Heshima ya aina fulani itakupungua, ile ya watu kusimama kimya unapoingia ili usikie shida zao. Wapo watakaosema mchungaji amepoa. Na bado mtu anaweza kuondoka na watu. Yohana mzee, katika waraka wake wa tatu, analia juu ya Diotrefe apendaye kuwa wa kwanza, na hilo lilikuwa kanisa ambalo yeye mwenyewe aliliandikia. Hakuna muundo unaozuia moyo wa mtu. Muundo mzuri hupunguza tu ukubwa wa jeraha.

Zipo njia nyingine, na si mbaya. Unaweza kuomba mchungaji msaidizi. Kama kanisa linamudu kumtunza, ni nafuu kubwa, ila bila meza ya wazee utakuwa umerudi kwa mtu mmoja wa pili. Unaweza kuligawa kanisa katika makundi ya nyumbani. Ndugu zetu Wakatoliki Afrika Mashariki walichukua njia ya jumuiya ndogondogo tangu miaka ya 1970, na mpaka leo msiba ukitokea jumuiya inafika kabla ya padri. Hiyo ningekushauri kama hatua ya mwaka wa pili, meza ikishasimama.

Kama unadhani haya ni mambo ya vitabuni, kumbuka Uamsho wa Afrika Mashariki, lile vuguvugu la toba na maombi. Mwaka 1929 Simeon Nsibambi, Mganda, na Joe Church, daktari Mwingereza, walikutana Namirembe, Kampala, wakasoma Biblia na kuomba pamoja. Katika miaka ya 1930 moto ulishika Gahini, Rwanda, ukaenea Uganda, Burundi, Kenya na upande wetu wa Kagera. Walitembea kwa timu, Mwafrika na Mzungu, mchungaji na asiye mchungaji, William Nagenda, mhubiri Mganda, na Church kwenye jukwaa moja, wakati ambapo hilo lilikuwa jambo geni kabisa. Kila wiki walikaa wakaungamiana, na hata mhubiri mkubwa aliulizwa mbele ya ndugu habari za moyo wake. Watu huuliza mwanzilishi ni nani, na jibu halitoshi jina moja. Nao pia waligawanyika baadaye katika sehemu kadhaa, sitaki kukupa picha ya malaika. Lakini tenzi zao bado zinaimbwa, na wengi wanaoziimba hawajui nani alikuwa kiongozi.

Yapo mambo ambayo maandishi yangu hayatoshi. Kama usiku unajikuta unatamani usiamke, au unaona bora ufe kuliko Jumapili ije, usisubiri: mwambie mkeo leo na mwende hospitali pamoja leo. Hilo ni ugonjwa kama malaria na lina tiba, na si upungufu wa imani. Kama kuna fedha za kanisa zisizoeleweka ziliko, hata kwa makosa ya kuandika tu, mwite mkaguzi au mwangalizi wako aje azipitie pamoja na wazee kabla hujagawa chochote, la sivyo watakaopokea watapokea lawama. Kama lile kundi lililoondoka linadai kiwanja au viti, tafuta mwanasheria na mpatanishi, msijadiliane kwa simu. Na kwa wazee wenyewe, mwalike mchungaji mmoja wa nje mnayemheshimu wote, awaongoze siku mbili za kwanza. Ukiongoza wewe kikao cha kupunguza nguvu zako, hakuna atakayesema anachokiona.

Yule mzee, usimwache hivyo. Nenda na mtu mmoja, msiwadai watu, mkamsalimie tu. Paulo na Barnaba waliachana kwa ugomvi mkali juu ya Marko, na ugomvi wenyewe Luka hakuuficha. Miaka ilipita, na katika 2 Timotheo ni Paulo huyo huyo anayeandika aletewe Marko, kwa maana anamfaa kwa utumishi. Huenda kwako isifike huko. Lakini mtu aliyeombea wagonjwa wenu mwaka mmoja na nusu anastahili kusalimiwa.

Limebaki moja, na umelitaja kwa sentensi moja tu katika barua yako. Mke wako ana huduma tatu, na hakuna mahali ulipoandika kwamba alizichagua. Katika makanisa yetu mama mchungaji hupewa kila kilichokosa mtu, na akichoka hana wa kumwambia, kwa sababu mchungaji wake ni mumewe. Leo usiku, kabla hamjalala, muulize kati ya akina mama, watoto na jiko la wageni ni lipi angependa kuliweka chini kwanza. Usimtetee yeyote, usimweleze ugumu wa kumpata mtu. Chukua karatasi ile ya maamuzi, na jibu lake uliandike mstari wa kwanza, juu ya jina lako.